Mkate wa Siku ya Mtakatifu Lusia

Torino, 5 Novemba 2018

Mdogo wangu Ninfa,

Usishangae ukubwa wa herufi hizi, sijarudi darasa la kwanza. Nikiandika kwa herufi za kawaida siuoni mwandiko wangu mwenyewe, na hata hivi ninavyoandika pua inagusa karatasi. Jicho la kushoto lilishakwenda tangu Pasaka, nikakuficha. Sasa la kulia nalo, ile ngozi ya mbele iliyo kama kioo imejaa ukungu. Daktari anasema wataiondoa na kunishonea nyingine, ya mtu aliyekufa. Nitaona kwa jicho la marehemu, ebu fikiria.

Upasuaji ni Ijumaa tarehe 14 Desemba. Hospitali wanataka mtu wa kukaa nami siku hiyo na wiki ya kwanza, maana jicho litafungwa. Nimewaambia ninaye Bwana Pautasso wa ghorofa iliyo chini yangu, yule aliyekuwa dereva wa tramu. Ni mzee mwema, ila anaongea kama anasoma ratiba.

Nina ombi moja. Tarehe 13, siku ya Mtakatifu Lusia, mlinzi wa macho, niwekee nadhiri kama mama alivyokuwa akiweka: mkate usiuguse, tambi usiziguse, tangu unapoamka mpaka unapolala. Kula wali, kula ngano nzima ya kuchemsha, kula dengu, lakini unga wa ngano usipite kinywani. Ningefunga mwenyewe, ila siku hiyo nitakuwa nimeshalazwa, na hospitalini unakula unacholetewa. Mama alifunga kwa ajili ya macho ya baba, na baba alisoma gazeti mpaka siku aliyokufa. Ni hilo tu, sina lingine la kukuomba.

Ningepiga simu, lakini unatujua. Tukishika simu dakika tatu haziishi tumeshatukanana. Tangu matanga ya mama, barua ndizo salama.

Dada yako,
Enza

*

Palermo, 14 Novemba 2018

Dada Enza,

Tangu Pasaka! Jicho zima linakwenda na mtu unanyamaza? Haya, nisianze, maana hata kwenye karatasi tunaweza kugombana.

Nadhiri nimeikubali. Kwa roho ya mama, tarehe 13 unga wa ngano hautapita kinywani mwangu. Hilo liondoe kichwani kabisa.

Mimi nipo, nimechoka tu. Mwaka wa saba huu ninatembeza watu wanaokula. Wageni wanane kila kundi, hawazidi wanane, eti ndiyo sifa ya ofisi yetu, kwamba wachache wanajisikia kama wamealikwa nyumbani. Asubuhi wanane, mchana wanane wengine. Vituo sita, saa tatu na nusu, mawe ya mtaani yanayoteleza, na mwiko wa mbao wenye utepe wa manjano nimeunyanyua juu ili wasinipotee. Magoti yangu yanalia kabla sijafika kituo cha pili. Nikirudi nyumbani ninaweka miguu kwenye beseni na paka ananitazama kama vile yeye ndiye anayenionea huruma.

Loredana, mwenye ofisi, ameshanijazia Desemba yote. Si kama zamani, siku hizi wageni wanakuja hata kwenye baridi. Ndiyo maana kuja huko haitawezekana. Najua hukuniomba, nasema tu usije ukawaza. Bwana Pautasso yupo, tena mwanamume aliyeendesha tramu ana subira.

Nijulishe kila kitu.

Ninfa

*

Torino, 23 Novemba 2018

Ninfa,

Nilikuomba uje? Isome tena barua yangu. Nilikuomba usile mkate.

Andika kwa kalamu nyeusi, ile ya buluu siioni. Na unapoandika, usinipe habari za magoti peke yake. Niambie mnapita wapi na mnakula nini. Nina miaka arobaini na tisa hapa Torino, na nikifumba jicho ninachokiona ni soko la Capo, si huku. Nitembeze na mimi, nifanye mgeni wa tisa.

Enza

*

Palermo, 3 Desemba 2018

Dada Enza,

Kalamu nyeusi hii hapa. Haya, shika mwiko wangu kwa macho, twende.

Tunaanzia mlangoni mwa soko la Capo. Ninawasalimu, ninasema jina langu, wanalikosea, wanacheka, na mimi ninacheka kana kwamba ni mara ya kwanza. Hapo hapo ninawatazama mmoja mmoja. Katika wanane daima yupo aliyeshiba kabla hatujaanza, yupo anayeogopa kila kitu kilichokaangwa, na yupo atakayeniuliza habari za Mafia huku mdomo umejaa. Huyo wa Mafia hakosi. Jana alikuwa padri.

Kituo cha kwanza ni vile vipande vya unga wa dengu vya kukaanga, bado mwanamke ni yuleyule, Giusi, amenenepa na sauti haijapungua. Akiniona na kundi anapiga kelele, "Ninfa! Umeniletea watu au umeniletea sanamu? Mbona hawatafuni?" Wao hawaelewi, wanatabasamu. Cha pili ni zeituni za chumvi na jibini. Cha tatu ni mkate mnene wa nyanya na vitunguu, unaoliwa umesimama, mafuta yanateremka mpaka kwenye kiwiko. Mgeni akitaka kisu na uma ninamwambia kisu kimekwenda kunyoa.

Cha nne ndicho kigumu: kwa Totuccio, mkate wenye wengu. Unamkumbuka baba yake, ndiye aliyekuwa anakufukuza kwa uma mrefu. Sufuria ni ileile iliyoinama, mafuta ya nguruwe yanachemka, na wengu na mapafu yamekatwa nyembamba nyembamba. Wageni wanarudi nyuma hatua moja, wote kwa pamoja. Hapo ndipo kazi yangu inapoonekana. Ofisi imetufundisha: kiongozi ndiye anayeuma kwanza. Unauma tonge kubwa, unatafuna mbele yao, unafumba macho kidogo, unasema "Mmh." Mgeni akikuona hujafa, anauma na yeye. Nimeuma mkate wa Totuccio mara ngapi katika miaka saba sijui. Utamu wake siusikii tena. Mkono unakwenda mdomoni wenyewe, meno yanafanya kazi, na mimi ninawaza kufua.

Vituo viwili vya mwisho ni divai na vitamu. Hapo wananiambia mimi ni mtu mwenye bahati, ninakula hivi kila siku. Ninawajibu ndiyo. Wananikumbatia, wanaondoka, na baada ya nusu saa ninasimama mlangoni tena na wanane wengine.

Ndiyo Palermo yako hiyo. Nzuri ni nzuri, sikatai. Ni mimi niliyeishiwa na hamu.

Tarehe 13 nimeshamwambia Loredana kwamba siku hiyo mjini hakuna mkate, watu wote wanakula madonge ya wali na ngano ya kuchemsha, kwa hiyo tubadilishe vituo. Ameitikia kwa kichwa. Lala salama hospitalini, nadhiri yako nimeishika mimi.

Ninfa

*

Torino, 17 Desemba 2018

Kwa Bi. Ninfa Scimeca,

Mimi ni Aldo Pautasso, ghorofa ya pili. Bi. Enza hawezi kuandika kwa sasa, hivyo yeye anasema na mimi naandika. Ameniagiza niandike neno kwa neno. Pale nitakapoongeza langu nitaweka mabano, ili kusiwe na mchanganyiko.

Mdogo wangu, upasuaji ulianza saa tatu asubuhi ukaisha saa tano. Waliponifungua bandeji Jumapili sikuona kitu. Mwanga wa maziwa tu. Daktari anasema ile ngozi mpya haijaamka, tusubiri, nitie dawa ya matone mara sita kwa siku. Mimi mtoto wa Palermo, daktari akisema tusubiri najua anachosema.

(Daktari alisema kweli tusubiri. Nilikuwepo.)

Nataka kujua jambo moja tu. Nadhiri uliishika? Niambie ukweli, sitakasirika.

(Hali chakula vizuri. Hili hakuniagiza niandike.)

Enza, kwa mkono wa A. Pautasso

*

Palermo, 20 Desemba 2018

Dada yangu,

Nimelia jikoni mpaka paka akakimbia. Mwanga wa maziwa si giza, Enza. Mwanga ni mwanga. Tia hayo matone, mara sita wakisema sita, usijifanye unajua kuliko daktari.

Nadhiri niliishika. Hata chembe. Nilikula madonge mawili ya wali asubuhi, na jioni ngano kwa Giusi, alinitilia jibini laini na sukari juu kama ya mama. Usiwe na wasiwasi na hilo.

Wageni wa Krismasi wamefurika, siwezi kuandika zaidi. Bwana Pautasso, asante sana kwa kumsomea na kumwandikia. Mungu akuweke.

Ninfa

*

Torino, 28 Desemba 2018

Mdogo wangu,

Asante kwa kuishika nadhiri. Nilijua hutaniangusha.

Kwa hiyo nimepata jibu. Kama ungekuwa umesahau, ningesema haya, kosa ni letu, tujaribu tena. Lakini tulitoa kilichotakiwa kutolewa, na Mtakatifu Lusia ametazama, akasema hapana. Basi. Nina miaka sitini na minane, nimeona vya kutosha. Kabla ya Krismasi waliniita wakaniambia ngozi ile imekufa, wanaweza kushona nyingine tarehe 24 Januari. Nimewaambia wampe mtu mwingine. Karatasi yao sikuitia sahihi.

Nimechoka, Ninfa. Sina uchungu, nimechoka tu. Usiniandikie maneno ya kunitia moyo.

(Bi. Ninfa, sasa ninaandika langu, naye amekwenda kulala. Daktari alimwambia mbele yangu kwamba mara ya pili mara nyingi inakubali. Alisema pia kwamba akichelewa sana, jicho linaweza kuharibika ndani na hapo hakutakuwa na mara ya tatu. Tarehe ya mwisho ya kutia sahihi ni 18 Januari. Nimejaribu kumshawishi kwa siku tano. Anajibu kwamba mdogo wake alifunga, na mambo yamekwisha. Mimi ni mtu wa Torino, haya mambo ya mkate siyaelewi, lakini naona yana nguvu kuliko mimi. Kama kuna chochote unachoweza kumwambia, mwambie.)

Enza, kwa mkono wa A. Pautasso

*

Palermo, 3 Januari 2019

Bwana Pautasso, barua hii isome yote, usiruke mstari hata ukiona aibu kwa ajili yangu.

Dada Enza,

Nilikudanganya. Nadhiri niliivunja.

Sikutaka, lakini niliivunja. Loredana aliitikia kwa kichwa, kisha asubuhi ya tarehe 13 nikamkuta ofisini na kikapu cha mikate ya dukani, ile ya kwenye mfuko. Yeye ni wa Verona, huko kaskazini, miaka kumi hapa na bado anatuona kama watu wa maigizo. Nikamwambia, "Loredana, leo hakuna mtu anayeshika mkate mji huu." Akaniambia, "Ratiba imeandika mkate wenye wengu. Watapewa mkate wenye wengu. Watakatifu wenu hawamo kwenye ratiba." Ningebwaga mwiko pale pale. Nikachukua kikapu. Nilikuwa nimechoka, dada, nilikuwa na makundi mawili na usiku sikulala kwa kukuwaza, na kubishana kunataka nguvu.

Nikasema moyoni, nitawapa wao, mimi sitauma. Nilijiambia hivyo njia nzima.

Tulipofika, Totuccio alitazama kikapu akatazama uso wangu. "Ninfa. Mkate? Leo?"

"Ni wa wageni. Fumba macho."

"Mimi wengu nitakutilia kwenye karatasi. Mkate utie mwenyewe. Mkono wangu haumo, na Mtakatifu Lusia ananisikia." Akapiga ishara ya msalaba kwa uma.

Nikaitia mwenyewe, mikate minane, na mmoja wa tisa kwa mazoea tu. Mbele yangu alikuwapo mama mmoja wa Kiholanzi, mrefu kama mlango, amekunja pua. Akasema, "Wewe kwanza." Na mkono, Enza, mkono ukaenda. Nilikuambia kwamba unakwenda wenyewe. Niliuma, nikatafuna, nikafumba macho kidogo, nikasema "Mmh." Nilipofumbua nikamwona Totuccio ameweka kiganja mdomoni. Ndipo nilipojua kilichomo kinywani mwangu. Watu wanane wananitazama. Ningetema? Nilimeza.

Sikula kingine siku ile, hata maji nilikunywa kwa kuiba, nikidhani njaa italifuta lile tonge moja. Kesho yake wakakupasua. Ulipouliza, nikaogopa. Nikasema uongo, nikautia na jibini juu.

Kwa hiyo mtakatifu hajakujibu hapana. Ni mimi niliyeharibu. Nakuomba, nakupigia magoti haya mabovu, tia sahihi. Nitafunga wiki nzima, nitafunga mwezi, mpaka 24 sitagusa unga. Nichukie kadiri unavyotaka, lakini jicho lisipotee kwa tonge langu.

Ninfa

*

Torino, 10 Januari 2019

Ninfa,

Bwana Pautasso amesoma yote. Alipofika kwenye mama mrefu kama mlango alicheka, nikamnyamazisha, halafu na mimi nikacheka. Halafu nilikasirika, na hasira bado ninayo. Andika, Bwana Pautasso, na usinilainishie.

Unajua nilichokisikia kwenye barua yako yote? Makundi mawili. Vituo sita. Loredana kasema. Mkono umekwenda. Sasa unataka kufunga mwezi mzima! Utakaa huko Palermo na njaa yako, na mimi nikae huku na giza langu, tuitane ndugu. Funga mwaka ukitaka. Utanifaa nini?

Sikutaka usile mkate, mpumbavu wewe. Nilitaka uje.

Nilitaka mtu wa kwetu akae kando ya kitanda anifokee kwa lugha ya mama. Niliandika kuhusu mtu wa kukaa nami, nikakutajia wiki ya kwanza, nikasubiri. Ukanijibu kuwa Bwana Pautasso ana subira. Na mimi sikuweza kuandika neno "njoo". Ningeliandika kwa uso gani? Mama alilala kitandani miaka sita, umemgeuza ubavu kila siku, umemsafisha, umemlisha kwa kijiko, na mimi nikituma kadi za Krismasi na kusema kiwandani hawanipi ruhusa. Walikuwa wananipa, Ninfa. Sikuja kwa sababu niliogopa kumwona vile. Sasa mimi ndiye wa kusema "njoo"? Nikaona nikuombe kitu kidogo, kitu cha mdomo tu, nijue kuna siku moja utaamka na kuniwaza mpaka jioni.

Karatasi sijatia sahihi. Sina hasira na mtakatifu tena, hilo umelimaliza. Ni kwamba sitaki kuamka tena kwenye kile chumba nikisikia sauti za watu nisiowajua wakiniuliza kama nina mtu.

Usinijibu kwa maneno ya samahani.

(Bi. Ninfa, naona ni wajibu wangu kuongeza. Tarehe 13 Desemba hospitali ilimletea wali, mchana na jioni. Hata tarehe 12. Huku kwetu ni nchi ya mpunga, na kila mgonjwa huulizwa anachotaka. Angeweza kufunga mwenyewe bila shida yoyote. Nilipomwambia, aliniambia nishughulike na tramu zangu.

Treni kutoka Palermo inafika hapa kila siku. Mimi huwa stesheni mapema.)

Enza, kwa mkono wa A. Pautasso

*

Ndani ya treni, 15 Januari 2019

Enza,

Barua hii haitatiwa posta.

Tumeshaipita Napoli, mgongo umekufa ganzi, na jirani yangu anakula mkate wenye mortadela, ile soseji nene ya nguruwe, unaonuka behewa zima. Amenigawia. Nimekula wote. Nilikuwa na njaa tangu mwaka jana.

Jana nilimwekea Loredana mwiko mezani. Akasema, "Sasa hivi? Nina makundi matano wiki hii!" Nikamwambia, "Watembeze kwa miguu yako." Hakuamini. Alinifuata mpaka mlangoni akiniuliza nitarudi lini, nikasema sijui, na kweli sijui. Nilishuka ngazi mguu mmoja mmoja nikishikilia ukuta. Nilidhani nitafurahi. Nilichosikia ni uchovu wa miaka saba umenishukia wote kwa mara moja, nikakaa kwenye ngazi kama mzigo uliosahauliwa, na mama mmoja mpita njia akaniuliza kama ninaumwa.

Umeniambia nisiombe samahani, siombi. Lakini ukweli wako umenipa, na wangu uuchukue. Ile barua yako ya kwanza niliielewa. Niliisoma nimesimama jikoni, nikafika pale kwenye mtu wa kukaa nami, nikajua unaniita. Nilijua kabisa. Nikajitia sijui. Nikamtaja Bwana Pautasso na tramu yake, nikafunga bahasha, na sitakuficha, nilisikia raha. Nilisema moyoni, aonje. Asikilizie jinsi inavyokuwa kuita mtu na mtu akatuma karatasi. Miaka sita nilimgeuza mama, na kila Krismasi nilimsomea kadi yako, na kila mara aliniuliza, "Amesema anakuja lini?" Nikawa nabuni. Nilikuwa nikimwambia, "Pasaka, mama." Nimekuchukia kwa hizo Pasaka zote nilizozibuni kwa niaba yako.

Ndiyo maana tonge lile lilinitisha hivyo. Nilipolimeza mbele ya Totuccio niliona kama mtakatifu amenichungulia ndani akaona kwamba mimi huyo ninayefunga kwa ajili ya macho ya dada yangu, huku nyuma ninataka aumie kidogo. Nilitaka uumie kidogo, Enza. Sikutaka uwe kipofu.

Haya ndiyo niliyotaka kuyasema, na kwa simu nisingeyasema, na kwa barua angeyasoma Bwana Pautasso kwa sauti yake ya ratiba, na ukali wote ungepotea njiani.

Sijui kama utatia sahihi. Siji na karatasi mkononi. Ukikataa, nitakaa na wewe usiyeona, nitajifunza mtaa wenu, nitapika wali wao huu wa huku mpaka tuuchoke. Ukikubali, ukiamka kwenye kile chumba wakikuuliza kama una mtu, hutahitaji kujibu.

Karatasi imefika mwisho, na ukiyasikia haya treni nimeshashuka. Sauti inayokusomea ni yangu, umeshaijua tangu neno la kwanza, ila ulitaka nimalize. Nimemaliza. Bwana Pautasso amesimama mlangoni na sanduku langu, hajui aingie au aondoke. Nipo hapa kwenye kiti cha jikoni kwako, nimevua viatu. Nyoosha mkono.

Ninfa